Siku Waliyomtoa Kirezi Mbele ya Kamera

Jumatatu, 1 Septemba 2025. Louisville

Salamu kwanza. Mwalimu wa darasa la watu wazima amesema tuandike mambo yetu kila siku, hata mistari mitatu, ili mkono uzoee. Mimi shule niliishia mwaka wa tatu, na kitu nilichowahi kuandika maishani ni barua tu. Siwezi kuanza bila kusalimia. Donc, kwa hiyo — nakusalimu mama mkwe Nyirabeza, uliyelala chumba cha mbele na miguu yako inayovimba. Nakusalimu Kirezi, mwanangu wa kwanza, miaka ishirini na miwili, uliyejifungia bafuni saa nzima sasa. Nakusalimu Isaro, kitinda mimba, wewe na simu yako. Nakusalimu Bisogo mume wangu, uko ukutani kwenye picha, Mungu akuweke. Nasalimu na majirani wote wa hapa South End, hata yule wa mbwa. Mimi Rakeli ni mzima. Ila moyo unaruka.

Sababu ni hii. Jana kanisani aliingia mama mgeni, Mmexico, nywele za mvi, shingo ndefu. Mchungaji akasema ni mwigizaji wa sinema, anatengeneza filamu kule Columbus, na ndani yake anataka harusi ya watu wa kwetu, watu wa milima ya Kivu. Anatafuta msichana wa kuwa bibi harusi. Watu wakacheka. Mimi sikucheka. Yule! Yule yule! Fidelia Zamarripa!

Kule kambini Burundi kulikuwa na kibanda cha video. Filamu zake zilikuja kwa Kihispania na hakuna aliyejua hata neno. Kijana mmoja alikaa pembeni ya televisheni na mikrofoni, akitueleza kwa Kiswahili kila mtu anasema nini. Fidelia tulimlilia kuliko tulivyolilia mambo yetu. Mimi nilikuwa na mimba ya Kirezi. Nilikuwa naenda pale na kiti changu.

Baada ya ibada nilimshika mikono yote miwili, nikamwalika chai. Atakuja nyumbani Jumatano. Nitampikia nini mimi!

Jumatano, 3 Septemba

Amekuja. Nilitoa chai ya maziwa na maandazi. Kirezi alikaa katikati akitafsiri Kiingereza.

Nikamwambia: ile yako ya mtawa anayetoroka nyumba ya masista ili amwokoe kaka yake mgonjwa mikononi mwa hakimu mbaya, ile ilitumaliza. Akaacha kutafuna. Mtawa? Ndiyo, mtawa. Akasema hapana, pale alikuwa mwizi aliyevaa nguo za mtawa. Yule hakuwa kaka yake, alikuwa mume. Na hakimu alikuwa baba yake mwenyewe! Nikamwambia ya pili, ile ya kipofu aliyenyang'anywa ng'ombe na askari. Akashika kichwa. Hakuwa kipofu. Alikuwa mlevi! Wala hakukuwa na ng'ombe, zilikuwa mbio za farasi.

Tulicheka mpaka mama mkwe akaita kutoka chumbani kuuliza nani amekufa.

Halafu Fidelia akafuta macho. Akasema hadithi za yule kijana wenu zilikuwa nzuri kuliko nilizocheza. Ndipo akaeleza maisha yake. Alianza na miaka kumi na sita, akiuza juisi sokoni, mtu akampiga picha. Filamu thelathini na moja. Picha yake ilibandikwa mpaka kwenye mabasi. Alipofika arobaini na mitano simu ikaacha kulia. Baadaye wakampa kuwa shangazi. Halafu shangazi wa shangazi, amekaa kwenye kiti, maneno mawili. Sasa ana hamsini na minane. Hii filamu anaitengeneza mwenyewe na kuicheza mwenyewe: mshonaji aliyefiwa na binti yake, anazunguka kuwashonea mabibi harusi wa watu asiowajua. Akasema hii ikikataliwa, basi, yeye si mwigizaji tena. Aliisema polepole, kama anasoma barua ya daktari.

Akamtazama Kirezi. Akauliza kama ningekubali.

Hapo ningesema hapana. Kirezi ameshaposwa! Julai familia ya mzee Nkusi, wale wa Cheektowaga kule Buffalo, walikuja hapa kumwomba kwa kijana wao Cyubahiro. Tukapokea ombi. Novemba 15 wanarudi, na siku hiyo wazee wetu ndio watamtoa kabisa. Kijana mzuri, hanywi, anafanya kazi hospitali. Tangu Bisogo afariki ni jambo la kwanza lililoninyookea.

Lakini Kirezi alinitazama. Na Fidelia alikuwa amekaa kwenye kiti changu, anakunywa kwenye kikombe changu. Nikasema ndiyo.

Buffalo sijawaambia. Nitawaambia baadaye. Ni filamu tu.

Jumapili, 7 Septemba. Columbus, tunangoja kurudi

Mungu wangu. Niandike yote kabla sijasahau, maana labda nimeota.

Jana asubuhi ukumbi wa kanisa ulipambwa kama harusi kweli. Nilimfunga Kirezi mushanana begani, vazi letu la sherehe, ile ya hariri, na Fidelia akiwa pembeni na pini mdomoni, maana katika filamu yeye ndiye mshonaji. Upande wa msichana waliomba mzee wa kweli: shemeji yangu Rugaba, kaka mkubwa wa Bisogo, anaishi hapa. Upande wa mvulana mzee Sylveri, naye wa hapa, fundi wa maneno. Bwana harusi mwanafunzi, Mtanzania wa Bukoba, anaitwa Ladislaus. Mtani! Alipofika tu: "Shikamoo mama mkwe wa saa mbili."

Fidelia akawaambia wazee: msikariri kitu, fanyeni kama mnavyofanya siku zote, kamera itawafuata, hatutawasimamisha. Katika karatasi yao bibi harusi anaitwa Neema, na bwana harusi jina jingine huko. Wazee wakaitikia ndiyo, ndiyo.

Wakaanza. Watu walicheka mpaka mbavu! Sylveri akasema tumesikia kwenu kuna msichana. Rugaba: "Hapa? Hakuna. Iko moja, lakini inakula sana na inaamka saa tano." Sylveri: "Afazali ya kwenu inaamka. Ya kwetu inalala mupaka muke yake akuye kuiamusha, njo maana tumekuja." Hata watu wa kamera walicheka bila kujua wanacheka nini.

Halafu ukaja wakati wa maziwa. Rugaba akapokea inkongoro, chombo chetu kile cha mti, maziwa yamejaa mpaka mdomoni. Uso wake ukabadilika. Nilimwona. Mzaha ukaisha. Sylveri naye akavua kofia. Akauliza: mnatupa binti wa nani?

Kwenye karatasi ni Neema. Rugaba akasema: "Kirezi. Wa Bisogo." Akawataja mababu mmoja mmoja mpaka wa saba. Sauti yake ilikuwa ya matanga na ya harusi pamoja. Akauliza: mnampelekea nani? Sylveri, machozi yanamtoka, akasema: "Elisée. Mtoto yangu." Elisée ni mtoto wake wa kweli! Yuko Texas, hajaoa! Rugaba akasema tumewapa. Wakanywa, mmoja baada ya mwingine.

Ladislaus akaniinamia: "Mama, ina maana mimi nimeachwa?"

Fidelia hakuelewa hata neno. Aliona uzuri tu. Alikuwa analia kweli, akasema katika filamu thelathini na moja hajawahi kupata kitu kama hicho.

Nikamvuta Rugaba pembeni. Shemeji, umefanya nini? Akanijibu kwa hasira, kama mtu aliyekosewa yeye: "Bon, maziwa iko mukononi yangu, niseme bongo, niseme uongo? Neema ni nani? Ni mutoto wa nani? Kinywa ilikataa."

Jumatatu, 8 Septemba. Louisville

Kazini nimefunga maboksi mia nne na kumi. Sikumwambia mtu. Kwetu neno likishasemwa juu ya maziwa halirudi. Lakini ilikuwa filamu. Lakini maziwa yalikuwa maziwa.

Nyamaza, Rakeli.

Alhamisi, 25 Septemba

Siku hizi zote salama. Nikaanza kupumua. Leo Isaro amenijia jikoni na simu: "Mom, Kirezi is famous!"

Kipande cha dakika mbili. Watu wa Fidelia wamekitupa mtandaoni kwa furaha, kwa sababu filamu imekubaliwa kwenye tamasha kubwa, na waliokubali wamesema ni kwa ajili ya ile harusi. Bora hiyo. Lakini ni kipande gani? Cha maziwa. "Kirezi. Wa Bisogo." Kila neno linasikika. "Elisée. Mtoto yangu." Kipo tayari kwenye grupu ya kanisa, kwenye grupu ya akina mama wa Kivu, na kwenye ile ya matanga.

Mama Cyubahiro alikuwa ananitumia mstari wa Biblia kila asubuhi, na maua. Leo hakutuma.

Ijumaa, 26 Septemba

Hakutuma.

Jumamosi, 27 Septemba

Amepiga. Salamu fupi, hata mama mkwe hakumuulizia. Akaniuliza kama mimi nina binti mmoja au wawili wanaoitwa Kirezi. Nikasema mama, ni filamu, nisamehe, ningekueleza. Akasema filamu anazijua, kwenye filamu mtu anakufa na kesho anaonekana sokoni. Lakini wazee anawajua pia. Wale hawakuwa wanacheza. "Weye mwenyewe uliona hawakuwa wanacheza. Na ukanyamaza wiki tatu."

Ni kweli. Kosa langu si filamu. Kosa langu ni kunyamaza.

Akasema mume wake Nkusi anatuita Cheektowaga Jumamosi ijayo. Tuje na wazee wote wawili, waseme mbele ya watu kwamba yale maneno wameyarudisha. Na kile kipande kitolewe kwenye filamu kabisa. Kisiwepo. Hawezi kuozesha kijana wake huku dunia nzima inamwona mke wake akitolewa kwa mwanamume mwingine. Bila hivyo, Novemba tusiwangoje.

Kirezi alikuwa sebuleni. Nikamweleza. Akasema sawa, lolote mtakaloamua. Mtoto wa heshima.

Jumapili, 28 Septemba

Nimempigia Rugaba. Amekubali kwenda Buffalo. Amepoa kidogo, ameanza kuogopa. Sylveri anakubali pia kuyarudisha, ila — huyu mzee! — anasema Elisée ameona kile kipande huko Texas, na ameuliza huyo msichana ni nani. Anasema kwa kucheka. Kwangu haichekeshi.

Jumanne, 30 Septemba

Nimempigia Fidelia. Nilimwomba Kirezi atafsiri, akasema ana darasa. Donc Isaro. Nilieleza mambo yote: maziwa, majina, Novemba, Buffalo. Isaro alitafsiri kwa dakika moja! Nikamwambia rudia vizuri, usimfupishie mtu shida.

Fidelia akauliza jambo moja tu: wale wazee, wakati ule, walikuwa wanamaanisha kweli? Nikasema kweli. Nikamsikia anapumua. Akasema ndiyo maana. Alijua kuna kitu, ameangalia ile sehemu mara hamsini, na hakujua ni nini.

Akasema bila ile harusi filamu haina kifua. Lazima aipeleke kwa watu wa tamasha Jumapili hii, tarehe 5, saa sita mchana. Akiitoa, watamwambia hii siyo tuliyoikubali. Hakulia, hakunibembeleza. Angenibembeleza ningekasirika, ingekuwa rahisi. Akasema binti ni wako, Rakeli. Na uso ni wa Kirezi. Ukiniambia nitoe, natoa. Kabla ya saa sita.

Mwanamke wa filamu thelathini na moja amenikabidhi mimi, mimi wa maboksi!

Isaro akaniuliza: sasa unamwambia nini? Nikamwambia nenda kaoshe vyombo.

Ijumaa, 3 Oktoba

Kesho alfajiri naondoka. Rugaba na Sylveri watanipokea Columbus, tutaendelea na gari moja. Kirezi haendi. Anasema amebadilishiwa shifti. Nikamwambia mwanangu, ni mambo yako. Akasema ndiyo, lakini wanaoongea ni nyinyi. Hakusema vibaya. Alikuwa anapiga pasi nguo ya kazi, aliipiga mahali pamoja mpaka nikanusa.

Nimeamua. Nitamwambia Fidelia atoe. Mtoto kwanza. Sinema zipo nyingi.

Jumamosi, 4 Oktoba. Cheektowaga

Naandika jikoni kwa Mama Cyubahiro, daftari juu ya gunia la mchele. Wanaume wako sebuleni. Ndege zinapita chini, kila moja inatikisa vikombe.

Mambo yalianza vizuri. Walitupokea, wakatupa fanta na kuku. Mzee Nkusi mpole kuliko nilivyodhani. Cyubahiro amekaa karibu na mlango na nguo za hospitali, ametoka kazini moja kwa moja. Rugaba akasimama, akaomba radhi, akasema alichosema kwa kinywa anakirudisha kwa kinywa. Sylveri vilevile. Nkusi akaitikia kwa kichwa. Nikasema asante Mungu.

Ndipo Mama Cyubahiro akasema kabla hatujamaliza, tukione wote hicho kinachorudishwa. Akakiweka kwenye televisheni yao kubwa.

Mimi nilikuwa nimekiona kwenye simu tu, na nilikuwa nasikiliza maneno. Macho yangu yalikuwa kwa Rugaba na lile inkongoro. Pale kwenye televisheni kamera haiwatazami wazee. Wazee ni sauti. Kamera iko kwa Kirezi. Dakika mbili zote. Ameshikwa mkono na Fidelia, na baba mkubwa anataja mababu, na uso wa mtoto wangu unafunguka kidogo kidogo. Sijui niandikeje. Kama mtu anayeitwa na watu wanaomjua. Alikuwa analia na kucheka. Mtu yeyote angeona.

Kikaisha. Mama Cyubahiro akazima. Akasema, si kwa ukali tena, kwa uchovu:

"Julai, siku tulikuja kumuomba, mutoto wako alikaa sawa na mutu anangoja basi."

Rugaba akacheka akidhani ni utani. Alicheka peke yake.

Nikasema mama, pale alikuwa anaigiza, ndiyo kazi waliyompa. Akanijibu: "Pale? Ao huku kwetu?"

Nkusi akamwambia mke wake basi, inatosha. Akanigeukia, kwa heshima kabisa: mama Kirezi, sisi tunangoja neno lako. Mpigie mwenye filamu hapa hapa mbele yetu, aitoe, tumalize, tuombe. Nikasema naomba dakika moja, nipate maji.

Nimekuja jikoni. Simu nimeishika. Namba ya Fidelia iko juu kabisa. Nikibonyeza tu, imekwisha.

Sikubonyeza.

Cyubahiro amenifuata. Amefungua friji, hakutoa kitu, akaifunga. Akasema: "Mama, Kirezi alikuambia kitu? Juu yangu?" Nikasema hapana mwanangu. Akasema hata yeye hajamwambia kitu. Kila akimuuliza anajibu ni sawa. Neno hilo hilo. "Ni sawa." Akasema mama, mimi simchukii mtu, nataka kujua tu. Macho mekundu, sijui ni usingizi wa zamu. Amerudi kukaa.

Nimekaa hapa nahesabu. Julai walimuuliza Rugaba, wakaniuliza mimi, wakamuuliza mama mkwe na miguu yake. Fidelia aliniuliza mimi. Mama Cyubahiro aliniuliza mimi. Na mimi niliyemzaa nilimweleza mambo tu, kisha nikasikia "sawa", nikaita ni heshima.

Wananiita. Mama Kirezi! Rugaba anakohoa kile kikohozi chake cha kuharakisha watu.

Naandika ujumbe hapa kwanza, vidole vyangu kwenye simu vinakosea. Nitaupiga picha, nimtumie hivi hivi:

Kirezi mwanangu, najua uko kazini. Omba ruhusa, nenda chooni, usome hii. Hapa ni salama, hakuna mgonjwa. Wazee wamerudisha maneno yao. Imebaki mimi. Wanataka nimpigie Fidelia sasa hivi aitoe harusi, na kesho saa sita atakuwa ameshapeleka. Nilikuwa nimeamua. Halafu nimekuona kwenye televisheni ya watu. Nataka uniambie unamtaka Cyubahiro au humtaki. Ukimtaka napiga sasa hivi, Fidelia atanisamehe au asinisamehe. Usipomtaka, nitatoka hapa na kusema mimi mwenyewe, wanipige maneno mimi. Usiogope aibu yangu, nimeishi na kubwa kuliko hii. Ila usiniandikie "ni sawa". Neno lolote lakini si hilo. Niko jikoni kwa watu, na maji nimeshakunywa glasi tatu. Nijibu upesi, mwanangu. Upesi.